Siku Nilipomzima Mdogo Wangu

Sehemu ya saba

Wewe uliyenifuata tangu juma la kwanza unajua tayari mimi ni mtu wa namna gani. Wewe unayenikuta leo, kaa hapa pembeni nikuweke sawa kwa maneno machache.

Mimi ni fundi wa minara ya simu. Mdogo wangu, ambaye mama anamwita Kitinda kwa kuwa ndiye aliyefunga tumbo lake, alikuwa fundi pia. Mimi ndiye niliyemwingiza kazini. Miaka kumi na mmoja iliyopita, tukiwa tunafunga mitambo ya kizazi cha tatu cha mtandao wa simu kwenye mnara wa mji wetu, niliunganisha nyaya za betri kinyume. Mtambo wote ukaungua. Mji mzima ukakaa bila simu siku mbili.

Katika siku hizo mbili, mwalimu mkuu, jirani wa mama, alishikwa na moyo nyumbani kwake. Mkewe alipiga simu zahanati mpaka kidole kikamuuma. Haikuita hata mara moja. Akatoka kwa miguu kutafuta gari. Aliporudi na gari, mwili wa mumewe ulikuwa umeshapoa.

Kampuni ilipouliza nani alishika zile nyaya, nilisema ni mdogo wangu.

Yeye akasema si yeye. Halafu akanitazama, anangoja. Mimi nikatazama viatu vyangu.

Akafukuzwa. Jioni ile alinitupia simu yake kifuani, akasema, "Chukua na hii, maana vingine vyote umeshachukua." Akaondoka bila hata kumuaga mama.

Mama akaacha kula. Siku ya nne nikaiwasha ile simu, laini yake ikiwa bado ndani, nikaandika: "Mama nimefika salama. Nimepata kazi machimboni. Kula."

Mama akala.

Tangu siku ile nikawa watu wawili.

Na juma lililopita nilikuachia pale nilipokiri jambo ambalo hata mke wangu, muuguzi anayelala nami kitanda kimoja, halijui. Mwaka wa pili, nilipochoka kuona mama ananitazama kwa maswali, nilimwandikia kwa namba ya Kitinda: "Mama, ni mimi niliyeunguza mtambo. Kaka hana kosa. Nisamehe."

Mama aliusoma mara mbili. Akavaa viatu, akaenda kwa mjane wa mwalimu, akapiga magoti sakafuni kwa niaba ya mwanawe.

Mwanawe ambaye hakukosa.

Haya. Tuendelee.

*

Jumatatu asubuhi Mhandisi, bosi wangu, alitukusanya ofisini. Tulikuwa mafundi saba na viti vitano, kwa hiyo mimi na mwenzangu mmoja tulikalia makasha ya nyaya.

"Ijumaa saa nne asubuhi," alisema, "kizazi cha pili kinazimwa mji huu. Cha tatu tulishakizima mwaka jana. Masafa yake yanatakiwa na kizazi cha tano."

Wenzangu wakaguna tu. Kwao ilikuwa kazi kama kazi nyingine. Mimi nilifikiria laini ya Kitinda.

"Na wateja wenye laini za zamani?" mmoja akauliza.

"Tumetangaza redioni miezi sita. Mwenye laini ya zamani aje dirishani, tawini kwetu, na kitambulisho, aweke kidole, apewe mpya kwa namba yake ileile. Asiyekuja, namba inakufa na mtambo."

"Lazima aje mwenyewe?" Hiyo ilikuwa sauti yangu. Nilishangaa kuisikia.

"Mwenyewe. Au ulitaka amtume mtu dukani na kidole chake?"

Watu wakacheka. Nami nikacheka, cheko la mtu aliyekanyagwa mguu na mgeni wa heshima.

"Swali la mwisho," Mhandisi akasema. "Nani atakwenda kuzima?"

Macho yote yakanigeukia. Pale kazini wananiita Mzee wa Mnara. Mnara ule niliupandisha mimi, kipande kwa kipande, nikiwa bado na nywele.

"Basi imekwisha," Mhandisi akasema. "Wewe ulikizalisha, wewe ukakizike."

*

Jioni nilipita kwa mama. Mama ni fundi cherehani, na chumba chake cha mbele ndicho kiwanda: cherehani dirishani, sare za shule zimekunjwa mezani, chaki ya bluu, na pini anazozibana mdomoni anapopima mtu. Ukimsikia anaongea kwa meno, ujue pini zimo.

Mke wangu alikuwa ameshafika, ameketi kando yake na boksi jipya mapajani.

"Nimemletea mama simu janja," akaniambia. "Kile kisimu chake cha vitufe si mnakiua Ijumaa? Tena nimeshampeleka dirishani, laini yake imebadilishwa."

"Vizuri," nikasema.

Mama akazitoa pini mdomoni moja moja, akazichomeka kwenye mto wake mdogo wa pini. "Hebu nieleze wewe mwenye mambo yenu. Hivi vizazi vyenu viko vingapi?"

"Vitano sasa, mama."

"Nitajie."

Nikakaa. Mama alinifundisha kusoma, na hata leo akisema nitajie, namtajia.

"Cha kwanza kilikuwa sauti tu. Simu nzito kama tofali. Na mtu mwenye redio nzuri aliweza kukaa kwake akasikiliza maneno yako yote."

"Kama nyumba isiyo na dari."

"Hivyo hivyo. Cha pili kikageuza sauti kuwa tarakimu, wasikilizaji wakaishiwa. Kikaleta na ujumbe wa maandishi."

"Hicho ndicho changu na Kitinda."

"Ndicho. Cha tatu kikaleta intaneti na picha, ila kwa kujikongoja. Cha nne kikafanya kila kitu kiende kwa mbio, hata sauti yenyewe ikawa inapita huko huko kwenye intaneti. Sasa tunafunga cha tano."

"Na kila kipya kikizaliwa, cha nyuma kinazikwa?"

"Nafasi angani haitoshi, mama. Kipya kinahitaji pa kukaa."

"Na watu walio ndani ya kile cha zamani?"

Mke wangu akaniokoa, au alidhani ananiokoa. Alimshika mama mkono, akasema, "Usihuzunike, mama. Hii mpya inaonyesha uso. Kitinda akipiga, utamwona kama unavyoniona mimi hapa."

Mama akaishika ile simu kwa mikono miwili kama anayeshika yai.

"Uso?" akasema. "Uso wake? Akicheka nitaona?"

"Mpaka meno, mama."

Nikaona lazima niingilie. "Msimpe mama matumaini ya bure," nikasema. "Kule machimboni kizazi cha nne hakijafika. Ndiyo maana miaka yote anaandika tu."

Mke wangu akanigeukia, uso mweupe usio na hila yoyote. "Mbona juzi tu ulitamba kwamba mmemaliza nchi nzima? Ulisema hata mbuzi porini sasa ana cha nne."

Njia ya mwongo ni fupi. Yangu ilikuwa na urefu wa meza ya kukatia nguo.

"Labda," nikasema, "kuna sehemu imesahaulika."

"Basi mwandikie," mama akasema, na hakuwa ananiomba. "Wewe si kaka yake? Mwambie atafute mahali penye huo mtandao. Mimi nina miaka sabini na mbili. Sijui hicho cha sita kitanikuta."

*

Nikwambie ukweli: kizazi cha pili ndicho kilichonifaa. Herufi mia na sitini, basi. Hazina sauti wala uso. Ndani ya herufi mia na sitini mtu yeyote anaweza kuwa mtoto wa mtu yeyote.

Kila kizazi kilichofuata kilinivua nguo moja.

Wakati wa kile cha tatu, mama alianza kutaka sauti. Alipiga, nikaacha iite mpaka ikachoka. Halafu nikaandika, "Mama, mashine zinapiga kelele, niandikie." Nilifanya hivyo miaka.

Siku moja akalia mbele ya mke wangu. Nikaona hapana. Nikaenda kusimama nyuma ya stoo ya kampuni, nikafunga mdomo kwa kitambaa, nikampigia. Nikasema, "Mama, shikamoo."

"Marahaba mwanangu. Una mafua?"

"Ndiyo, mama."

Hayo tu. Nikakata. Kwa juma zima nilipokea maelekezo: nijifukize, nivae soksi, nisinywe maji ya baridi. Halafu akafuma sweta. Akataka anwani. Nikampa jina la kituo cha vifurushi cha mji mwingine, nikalisafirisha lile sweta mwenyewe, nikalifuata mwenyewe, nikalipokea mwenyewe na kutia saini. Leo kabati langu la kazini lina masweta saba. Saizi ya mdogo wangu. Hata moja halinienei.

Usicheke sana. Au cheka, kisha ujiulize mimi nilikuwa najisikiaje kila nilipofungua kabati lile kutoa mkanda wa kupandia mnara.

*

Jumatano mchana nilijifungia kwenye kibanda cha mitambo chini ya mnara. Nilikuwa nimeshaamua. Kwa kuwa namba ilikuwa inakufa, mtu wa ndani yake naye ilibidi aondoke kwa heshima.

Nilihesabu herufi kwa kidole. Nikaandika:

"Mama, nimepata kazi mpya mbali sana, ndani ya msitu. Hakuna mtandao wowote. Ni miaka mitatu. Usinitafute. Nikimaliza nitakuja mwenyewe. Nakupenda."

Nikatuma. Nikashusha pumzi kama mtu aliyetua gunia.

Jibu likaja kabla sijaifunga simu. Mama huandika polepole kwa kidole kimoja, lakini siku hiyo alikuwa na mwalimu wake pembeni, mke wangu.

"Nimekuelewa. Kazi ni kazi. Ila kabla hujaingia huko, nionyeshe uso mara moja tu. Hata dakika moja. Sitakuuliza kitu."

Sitakuuliza kitu. Nilisoma hapo mara ngapi sijui.

Nikajikaza kisabuni. Nikasema moyoni, nitamjibu kesho, kichwa kikitulia. Nitamwambia nimeshaondoka.

Kesho yake, Alhamisi, saa sita mchana, nikaiwasha simu ya Kitinda ili nimalize.

Kioo kikaandika: *Laini haijasajiliwa.*

Nikaizima, nikaiwasha. Vilevile. Nikapuliza kadi, nikaifuta kwa shati, nikairudisha. Vilevile.

Nikafikiri, wamezima mapema? Nikatazama mtambo wa kizazi cha pili mbele yangu: taa zote za kijani, unavuma kama kawaida. Nikachukua kadi nyingine ya zamani tunayotumia kupimia, nikaiweka kwenye simu ileile. Ikashika mtandao papo hapo.

Kwa hiyo mtandao ulikuwa mzima, na simu ilikuwa nzima. Kilichokufa ni kadi ya mdogo wangu, peke yake.

Mimi ni fundi. Nilijua maana yake kabla akili haijakubali. Namba moja haikai kwenye kadi mbili. Kadi mpya ikipewa uhai, ya zamani inakufa saa hiyohiyo. Na kadi mpya haitoki bila kidole cha mwenyewe.

Nikakaa chini, juu ya mfuniko wa betri.

*

Nikampigia dada wa dirishani, yule anayehudumia wateja kwenye tawi letu. Tunafahamiana siku nyingi.

"Dada, nisaidie. Kuna namba nataka kujua kama imebadilishiwa laini."

"Fundi, unajua siruhusiwi."

"Ni ya ndugu yangu."

"Basi muulize ndugu yako."

"Dada, nakuomba. Sijawahi kukuomba kitu."

Nikamtajia namba, nikasikia anagonga vitufe.

"Aa, huyu!" akasema. "Huyu namkumbuka. Amekuja asubuhi hii. Kwangu hapa, dirisha la pili."

"Hapa? Mji huu?"

"Hapa hapa, Fundi. Mrefu, mwembamba, ana mvi kidogo upande mmoja. Ana adabu. Aliniambia amesikia tangazo redioni huko anakoishi, akasafiri siku nzima ili namba isipotee. Nikamuuliza, namba ina nini cha ajabu? Akasema, mama yangu anaijua hii tu."

Nilikuwa nimeishika ile kadi iliyokufa kiganjani.

"Bado upo, Fundi?"

"Nipo."

"Halafu akaniuliza swali. Alisema laini aliipoteza miaka kumi na mmoja iliyopita, akashangaa kuikuta hai. Nikatazama kwenye mashine, nikamwambia, mbona inatumika? Jana tu imetuma ujumbe."

"Ukamwambia hivyo?"

"Si ndivyo mashine inavyosema? Nilivyomwambia, alikwenda kukaa pale kwenye benchi la wateja. Alikaa muda mrefu, kama mtu aliyepewa majibu ya hospitali. Kisha akaondoka." Akashusha sauti. "Kwani kuna tatizo?"

"Hakuna," nikasema. "Hakuna tatizo kabisa."

Jua lilipopungua nilizunguka nyumba zote tatu za wageni za mji ule. Katika mbili hakukuwa na mtu wa namna hiyo. Katika ya tatu mhudumu akasema alikuwepo, ameoga, ameuliza kama ule mlango wa fundi cherehani bado uko mahali pake, kisha ametoka.

Nikakimbia hadi kwa mama. Nilimkuta anakunja sare. Yuko peke yake.

"Kuna mtu amekuja?" nikauliza.

"Nani aje? Mbona unahema hivyo?"

"Nilikuwa napita."

"Basi pita ndani ukae."

"Nina kazi, mama."

Nilikuwa na nafasi. Naomba uliandike hilo moyoni mwako, msomaji: pale, mimi na yeye, hakuna wa tatu, nilikuwa na nafasi ya kusema. Mama alisimama na sare ya mtoto wa watu mkononi, akaniangalia, akangoja. Nikasema, "Tutaonana kesho," nikaondoka.

*

Ijumaa. Saa nne kasoro dakika tano nilikuwa kibandani. Mhandisi alikuwa ofisini, tunaongea kwa redio ya kazi.

"Uko tayari, Mzee wa Mnara?"

"Tayari."

"Unataka kusema neno? Marehemu alikuwa mtu wako."

Akacheka. Nikamsikia na wenzangu wanacheka nyuma yake.

"Sina neno," nikasema.

"Haya. Zima."

Nikashusha swichi ya kwanza, ya pili, ya tatu. Taa za kijani zikafa mstari kwa mstari. Kisha feni za mtambo zikapunguza mwendo, zikavuma kwa sauti nzito, zikanyamaza. Nilikuwa nimeusikia ule mvumo karibu nusu ya maisha yangu, sikujua kama una ukimya wake.

Nikatoa simu ya Kitinda mfukoni. *Hakuna mtandao.* Yule mdogo wangu wa uongo, mwenye mafua, wa machimboni, aliyenisamehe kila kitu, alikuwa amekwisha. Nilimzima kwa mkono huu ninaoandikia.

Alibaki wa kweli.

Nilifunga kibanda, nikampa mwenzangu ufunguo, nikamwambia nina dharura nyumbani. Njia nzima nilikuwa narudia maneno: Mama, kaa chini. Mama, mimi ndiye niliyeunguza. Mama, mimi ndiye niliyekuandikia. Nilipofika mlangoni nilikuwa nimeyakariri kama mtoto wa darasa la kwanza. Nilitaka kumwahi mdogo wangu. Nilitaka ayasikie kwangu.

Nikasukuma mlango.

"Huyo!" mama akasema kwa furaha ambayo sikuwa nimeiona usoni pake tangu baba yuko hai. "Njoo, njoo haraka! Kitinda amepiga!"

Mke wangu alikuwa karibu yake, hajabadilisha hata sare ya kazi. "Amepiga ya video," akasema. "Mama alishtuka, akabonyeza pabaya, ikakatika. Nimemwambia atulie, atapiga tena."

"Mama," nikasema. "Kaa chini. Nina neno."

"Nimekaa. Neno baadaye."

"Mama, ni muhimu."

"Muhimu kuliko mdogo wako?"

Simu ikaita.

Mama akainyoosha kwangu. "Nionyeshe pa kubonyeza. Usiniache nikosee tena."

Msomaji, ningeweza kukata. Kidole changu kilikuwa juu ya nyekundu na kijani, umbali wa punje ya mchele. Nikamtazama mama. Alikuwa amevua miwani, akaifuta kwa gauni, akaivaa tena ili aone vizuri.

Nikabonyeza kijani.

Uso ukatokea. Ulikuwa wake na haukuwa wake. Miaka kumi na mmoja ilikuwa imepita juu yake bila kumuuliza. Mvi upande mmoja, kama dada wa dirishani alivyosema. Nyuma yake ukuta uliopakwa chokaa, hujui ni wa wapi.

"Shikamoo, mama," akasema. Sauti safi, kama yuko chumbani.

Mama aliweka kiganja juu ya kioo, akamfunika uso wote, halafu akakiondoa haraka akiogopa amemzima.

"Marahaba," akasema mwishowe. "Marahaba baba. Umekonda. Masweta yalikuenea?"

Kitinda akapepesa macho. "Masweta?"

"Yale saba. Uliandika la kijani ndilo ulilolipenda."

Niliona anafikiri. Mdogo wangu hakuwa mjinga hata siku moja. Alichukua muda wa kumeza mate, kisha akasema polepole, "Ndiyo, mama. La kijani."

Ananisaidia, nikawaza. Mungu wangu, bado ananisaidia.

"Na mafua yako ya kila mara?"

"Yameisha, mama."

"Nashukuru. Sikiliza, mwanangu. Nilisema sitakuuliza kitu na sikuulizi. Ila nina neno moja tangu siku ile, sikutaka kuliandika, nilitaka nikwambie nikikuona." Mama akajiweka sawa kitini. "Siku ile uliponiandikia kwamba ni wewe uliyeunguza mtambo, nilikusamehe palepale. Na kwa mjane wa mwalimu nilikwenda mwenyewe. Nilimpigia magoti. Alininyanyua, akasema hana kinyongo na wewe. Kwa hiyo usiendelee kujificha huko msituni. Kosa lako lilishakwisha. Rudi nyumbani."

Kwenye kioo, uso wa Kitinda uliacha kusogea. Mke wangu aliinama kuangalia kama mtandao umekatika. Haukuwa umekatika. Kizazi cha nne kilikuwa kinapita safi, nilikifunga mwenyewe.

"Niliandika hivyo?" Kitinda akauliza. "Kwamba ni mimi?"

"Ndiyo, mwanangu. Bado ninao ujumbe wako, nimeuandika na kwenye daftari langu la vipimo usije ukafutika. Kwani umesahau?"

Kitinda alifumba macho, akayafumbua.

"Mama, kaka yupo hapo?"

"Yupo hapa, ndiye anayenishikia simu."

"Naomba nimuone."

Nikaigeuza simu. Au mkono wangu uliigeuza, mimi sikuutuma. Tukatazamana, mimi na mdogo wangu, kwa mara ya kwanza tangu ile siku ya viatu.

Nilitarajia matusi. Ningeyapokea. Angenitukana hadi betri iishe, ningeshukuru.

"Kaka, shikamoo," akasema.

Niliisogeza simu karibu na uso.

"Sikuja kugombana. Nilikuja kwa ajili ya namba tu. Niko karibu, dakika kumi kwa miguu." Akasogeza uso kwenye kioo, akashusha sauti, ingawa chumba kizima kilikuwa kinamsikia. "Nakuuliza jambo moja. Nimwambie mimi, au utamwambia wewe?"

Nyuma yangu nilisikia mke wangu anavuta pumzi na kuishikilia.

"Amwambie nani?" mama akauliza. "Aniambie nini?"

Nikageuka. Mama alikuwa ameshasimama. Hakuitazama simu, ambayo alikuwa ameingoja miaka kumi na mmoja.

Alikuwa ananitazama mimi. Safari hii sikuvitazama viatu.